Barua kwa mwanangu: bonasi ya kiwandani

Mwanangu Mwanaidi,

Hapa Chumbageni hatujambo, ila mama yako na goti lake. Ujumbe wako nimeusoma. Unasema kiwanda chenu huko Mwanza kimetoa bonasi ya mwaka: maofisa wamevuna, waendesha mitambo wameambulia kidogo, vibarua hawakupata hata senti. Sasa wenzako waliokuchagua mwakilishi wanataka ukadai wote mlipwe sawa, nawe unaniuliza kama ni haki yao.

Kwa sawasawa, mimi simo. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 haimlazimishi mwajiri kutoa bonasi. Haki inazaliwa pale alipoahidi, iwe katika mkataba wa kazi, mkataba wa hali bora (ule wa chama cha wafanyakazi na mwajiri) au waraka uliobandikwa ubaoni. Tafuta karatasi hiyo kwanza.

Ukishaipata, uliza bonasi imepimwa kwa nini. Wakati wetu bandarini Tanga, meli zilitia nanga nje na shehena ikaja gatini kwa matishari. Palipotoka posho ya tani, ugomvi ulikuwa uleule: mwendesha winchi anajiona yeye ndiye kazi, karani naye na daftari lake (nilikuwa karani, najua majivuno yetu). Lakini tani haihesabiki mpaka kuli aifunge sling, ile kamba ya kunyanyulia mzigo. Kama bonasi yenu inatokana na mifuko iliyotoka kiwandani, aliyeibeba mifuko hiyo anaachwaje nje? Hapo ndipo pa kubana, na hapo vibarua wana hoja nzito kuliko nyinyi wa kudumu.

Jambo jingine ni asilimia. Wakisema "kila mtu asilimia 10 ya mshahara", inasikika haki tupu. Piga hesabu: mwenye 400,000 anapata 40,000, mwenye 2,500,000 anapata 250,000. Usikatae asilimia yote, maofisa watakugeuka. Omba sehemu iwe kiwango kimoja kwa kila mtu, inayobaki ndiyo ifuate mshahara. Hilo meneja anaweza kulikubali bila kuona aibu.

Kikao kikigoma, nendeni Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Kwa madai yasiyo ya kuachishwa kazi mna siku 60 tangu mgogoro ulipoanza, kwa hiyo msikubali kupigwa tarehe. Bonasi ilitoka lini hasa? Hukuniandikia.

Baba yako