Potulaka haiuawi na kiu, huuawa na maji

Swali la wiki: "Kwa nini potulaka ninunuayo kitaluni ikiwa imejaa maua huoza kabla mwezi haujaisha?"

Tatizo huanza na udongo. Maji humalizia tu. Potulaka ni ua la porini la nyanda kavu za Argentina, Uruguay na kusini mwa Brazili, panapotawala mchanga na kokoto. Majani yake manene yenye umbo la njiti ni ghala la maji. Ukame ukizidi, hufunga vitundu vyake vya hewa mchana na kuvifungua usiku, maji yasipotee. Ukiipanda kwenye samadi tupu na kuimwagilia kila jioni, mizizi hukosa hewa, na shina hulainika na kuwa jeusi pale linapogusa udongo. Likifika hapo halitibiki. Kata ncha zilizobaki ngumu, uanze upya.

Kila kipandikizi kiwe na sentimita 5 hadi 8. Pukutisha majani ya chini, kiweke kivulini siku moja kidonda kikauke, ndipo ukichomeke. Tumia makopo mawili ya mchanga wa mtoni (wa ufukweni una chumvi) kwa kopo moja la udongo na konzi ya mboji. Chungu kiwe na matundu, na sahani ya chini iondolewe. Mwagilia hadi maji yatoke chini, kisha usirudie mpaka majani yaanze kusinyaa kidogo.

Mbegu zina kosa lake. Gramu moja hubeba karibu 10,000, na wengi huzifukia. Haziotei gizani. Changanya na mchanga mkavu, tawanya juu, gandamiza kwa kiganja, nyunyizia kwa chupa ya kupulizia. Miche hutokeza baada ya siku 7 hadi 14.

Isipochanua, tazama jua kwanza: inataka angalau saa sita kwa siku. Wavietnamu huliita ua la saa kumi, yaani saa nne yetu ya asubuhi, kwa kuwa ndipo linapofunguka. Siku ya mawingu hujifunga, na hilo si ugonjwa. Kila ua huishi siku moja tu, hivyo msiishangae inapopukutisha. Ila ikirefuka na kujaa majani bila tumba, umezidisha mbolea ya naitrojeni. Acha yurea kabisa.

Aina zenye petali tele zizalishe kwa vipandikizi. Mbegu zake mara nyingi hutoa maua yenye petali chache yasiyofanana na mama.