Una mimba na hamjui sikoseli yenu? Mbebe na baba mtoto mkapime

Kliniki ya wajawazito mama anapimwa kila kitu, wingi wa damu, grupu, kaswende, ukimwi, malaria, mkojo, presha, mpaka unajiuliza hii damu itabaki kweli. Baba akija siku ile ya kwanza ya mwenza anatolewa damu kidogo afu anaruhusiwa awahi kazini. Sasa kwa sikoseli hapo ndo hesabu inakatika, maana damu ya mama peke yake haikupi jibu. Sikoseli ni ugonjwa wa damu wa kurithi, AA hajabeba kitu, AS amebeba kwa mzazi mmoja na haumwi, SS kapata kwa wazazi wote wawili. Mama akiwa AS na baba ni AA kweli, hakuna mtoto wao atakayezaliwa SS, mmemaliza, rudini nyumbani mkalale. Ila mama AS na baba AS, kila mimba ina nafasi 1 kati ya 4 ya kuwa SS yani mgonjwa, 2 kati ya 4 awe AS kama nyie, na 1 kati ya 4 awe AA. Kwahiyo nusu nzima ya jibu anatembea nayo baba na wala hana habari.

Na msidhani ni ishu ya watu wachache. Tanzania inakadiriwa watu 13 hadi 20 kati ya 100 wamebeba AS, wazima kabisa, wanacheza mpira, wanabeba magunia, na kila mwaka wanazaliwa watoto kama 11,000 wenye ugonjwa wenyewe. Kanda ya ziwa ndo usiseme.

Mie ni AS. Nilijua kwenye mimba ya pili baada ya kupewa karatasi imeandikwa siklingi chanya, hakuna maelezo mengine, nesi ananiangalia kwa huruma kama nimefiwa. Kumbe kile kipimo kinasema tu kwamba kuna himoglobini S kwenye damu, yani ile ya sikoseli, ya kawaida ni A, hakikwambii kama wewe ni AS uliyebeba tu au SS mgonjwa. Na kikija hasi nacho kisikuleweshe, kwasababu mtu anaweza kuwa amebeba kitu kingine kinaitwa thalasemia, nayo ni shida ya himoglobini ya kurithi, siklingi isione chochote, afu ikikutana na S ya mwenzie mtoto anaumwa vilevile. Ombeni elektroforesisi au ile ya mashine wanaita HPLC, inatoa asilimia ya kila aina ya himoglobini. Yangu ilikuja A 59, S 37 na vingine vidogo vidogo, daktari akaniwekea kidole pale kwenye A akasema mama ukiona A ni nyingi kuliko S wewe umebeba tu, huumwi. Dakika moja nilipumua. Ya pili akauliza, baba yuko wapi?

Baba alikuwepo, shida ilikuwa kumfikisha. Wanaume wengi wa huku ukisema tukapime vinasaba anachosikia ni Mkemia Mkuu na kesi ya mtoto si wako, kwahiyo wadada msianzie huko, mwambieni ni kipimo cha sikoseli na ni sindano moja. Wangu yeye hoja yake ilikuwa kwetu hakuna huo ugonjwa. Nikamwacha, nikaenda kwa mama yake. Tulikuwa tunachambua mchicha nikamuuliza tu taratibu, mama, kuna watoto mliwapoteza zamani? Akakaa kimya kidogo akasema wawili. Mmoja alikuwa vidole vya mikono na miguu vinavimba kama maandazi analia usiku kucha, mwingine macho ya njano na kila mara damu imeisha, wakasema ni mchango, wakazunguka kwa waganga. Mwanangu, akaniambia, wakati ule nani angetupima. Sijawahi kuona daktari akipata historia nzuri kama ile niliyopata mimi juu ya beseni la mchicha. Ulizeni mabibi jamani, wasiulizwe kuna sikoseli maana watakataa, waulizwe kuna watoto walikuwa wanaumwa vipi.

Mume aliposikia hiyo stori alienda mwenyewe. AS.

Hapo sasa ndo mnafika kwenye swali la kumpima mtoto akiwa tumboni. Njia ziko mbili kubwa, moja wanachukua kipande kidogo cha kondo la nyuma kuanzia wiki ya 10 mpaka ya 14 hivi, nyingine wanavuta maji anayoogelea mtoto kuanzia wiki ya 15, sindano inapita tumboni huku daktari anaangalia altrasaundi asimguse mtoto. Majibu yake ni ya uhakika mkubwa, na kwa mtu aliyezoea kazi hiyo hatari ya mimba kutoka iko chini ya 1 kati ya 100, lakini haiko sifuri. Teknolojia yenyewe ya zamani, mwaka 1978 Kan na Dozy kule San Francisco walishasoma sikoseli kwenye DNA ya mtoto kutoka kwenye hayo maji, ila kwetu si kitu utakachokikuta hospitali ya wilaya. Na sheria ya Tanzania hairuhusu kutoa mimba kisa mtoto ana sikoseli, kwahiyo ukipima unapima ili ujue na ujiandae. Sisi tukaona kwa kujiandaa tu, sindano ya tumboni haina sababu, tutasubiri azaliwe tumpime siku zile zile za kwanza. Wapo walioamua tofauti na siwanyooshei kidole, kuna mtu tayari ana mtoto mgonjwa ndani na hawezi kukaa miezi tisa na swali.

Kitu kinachonikera ni hiki. Mfanyakazi mwenzangu alilipa hela ndefu kipimo kile cha NIPT, mama anatolewa damu mkononi inasafirishwa nje wakasome vinasaba vya mtoto, kinafanyika kuanzia wiki ya 10, majibu yakarudi hatari ndogo, kafurahi, kasema vinasaba vya mtoto viko safi. Vinasaba vipi? Kile kipimo kazi yake kubwa ni kuhesabu kromosomu, yani vile vifurushi vya vinasaba, namba 21 ya ugonjwa wa Down, 18 na 13, basi. Sikoseli hakikuiangalia. Na hata kwa Down kikisema hatari kubwa bado si jibu la mwisho, inabidi ihakikishwe na yale maji au kondo. Mimi simkatazi mwenye hela yake, hasa aliyefika miaka 35 kwenda juu, ila yeye na mumewe wote walikuwa hawajui kama ni AA au AS, kipimo cha bei ndogo zaidi. Altrasaundi nayo itakuonyesha moyo na mgongo, damu ya mtoto ni AS au SS haioni, hata iwe ya rangi.

Mtoto akizaliwa ni kitone cha damu kisiginoni. Msikubali siklingi kwa kichanga, miezi ya mwanzo bado ana himoglobini F nyingi, ile ya kichanga, na inaweza kusema hana kumbe anayo, inatakiwa HPLC au vile vipimo vya haraka vilivyotengenezwa kwa kazi hiyo. Majibu yanakuja kwa herufi na zinapangwa kwa wingi, FA yuko sawa, FAS kabeba, FS ndo hapo mkae chini na daktari. Wetu alikuja FAS. Angekuwa FS tulishaelekezwa, penisilini kila siku kuanzia karibu miezi mitatu mpaka miaka mitano, chanjo zote bila kuruka, chandarua, foliki, na kujifunza kupapasa bandama upande wa kushoto ili ikivimba ghafla ukimbie hospitali usisubiri asubuhi. Dawa ya sikoseli inayoitwa haidroksiyurea siku hizi inaanza hata kwa mtoto wa miezi tisa. Mtoto wa FS aliyejulikana mapema anakua, anasoma, anakusumbua kama wengine.

Mambo mawili ya kumalizia kwasababu inbox mnauliza sana. Kama uliongezewa damu karibuni subiri miezi mitatu hivi ndo upime, la sivyo utasomewa damu ya aliyekuchangia. Na wale wanaosema tulishapata mmoja SS kwahiyo watatu wanaofuata wako salama, hapana, ile 1 kati ya 4 inaanza upya kila mimba, mnaweza kupata wanne wote wazima au wawili wagonjwa wanafuatana.

Mtoto wetu wa kwanza naye tulimpeleka, AS. Wifi kapima, AA. Amebaki shemeji mdogo anaoa Desemba, kila wiki ana safari, mchumba wake ndo ameshapima na karatasi kanitumia mimi.