Kabla ya Kuruka Nyuma, Tengeneza Pa Kutua

Shule zikifunga, ufuo wa Pirates hapa Mombasa hujaa watoto wa kutoka Kisauni, Kongowea na Mishomoroni, na wiki haiishi kabla mzazi hajanijia na swali lile lile: "Mwalimu, huyu mwanangu ataka kujifunza samasoti ya nyuma. Nimwache?" Samasoti ya nyuma, yaani kuruka, kuzunguka kinyumenyume hewani na kutua kwa miguu. Mwache, mama. Ila asijifundishe peke yake, na asianzie baharini.

Hilo la bahari ndilo linalowashangaza watu. Nimecheza sarakasi tangu utotoni, nikaifanya kazi kwenye mahoteli ya Pwani ya Kaskazini, na sasa nafundisha. Vijana wengi waliokulia karibu na maji hapa Mombasa walijaribu samasoti ya nyuma kwa mara ya kwanza wakiwa juu ya mwamba au ukuta, bahari ikiwa nyuma yao, kwa imani kwamba maji ni laini. Anayeanguka kutoka mita 5 huyafikia maji kwa kasi ya karibu kilomita 36 kwa saa. Kutoka mita 10, inakaribia 50. Kwa kasi hiyo, ukitangulia mgongo au uso, kipigo chake kinaweza kukukata pumzi palepale, na kukatika pumzi ndani ya bahari yenye mawimbi ni hatari kubwa kuliko kuteguka mguu ufuoni. Isitoshe, anayeanza bado hajijui hewani. Hajajifunza kutambua juu ni wapi na chini ni wapi wakati mwili unazunguka, na huwezi kujifunza hilo huku unaogopa mwamba.

Samasoti ya nyuma ina kuruka, kuzunguka na kutua. Anayeanza huona kule kuzunguka tu, maana ndiko kunakoshangiliwa, lakini karibu kila kitu huamuliwa miguu ingali chini. Vidole vikishaachana na mchanga, kimo utakachofika kimeshapangwa, na nguvu ya mzunguko uliyoondoka nayo ndiyo hiyo hiyo utakayotua nayo, kwa sababu hewani hakuna kitu cha kusukuma. Kilichobaki mikononi mwako ni umbo lako: ukijikunja magoti yakaja kifuani, unazunguka haraka, ukijinyoosha, mzunguko unapungua. Ukipanda nusu mita unapata takriban sekunde 0.6 hewani. Zinatosha kabisa, mradi nguvu zako zote umezitumia kupanda.

Ndiyo maana nakazana sana na kichwa. Karibu kila anayeanza hutupa kichwa nyuma akidhani mwili utafuata. Kichwa kikitupwa mapema, mgongo unapinda, na nguvu iliyokuwa ya kukupandisha inakupeleka mbali. Hapo mtu hutua kwa mikono na magoti, na siku mbaya hutua kwa shingo. Chagua kitu kilicho mbele yako, mnazi au paa la kibanda, ukitazame mpaka mikono iwe imepita masikio. Mikono ipande kwanza, mabega yafuate, halafu uyalete magoti kifuani kwa nguvu zako zote. Magoti ndiyo yanayoharakisha mzunguko.

Mazoezi ya mwanzo hayapendezi macho, na vijana huyachoka upesi. Mwanafunzi wangu huruka juu wima, mikono ikipaa, na kutua kwa magoti yaliyolegea bila kuyumba. Mpaka atue hivyo kila mara, sisogei mbele. Kisha hulala chali na kujikunja ghafla, tena na tena, mpaka mwili uzoee. Kisha hubingirika nyuma kwenye mchanga ili kichwa kiizoee hali ya kuwa chini. Baada ya hapo ndipo wanakuja watu wa kumshika.

Wa kushika wawe wawili, mmoja kila upande, na wawe na nguvu kumzidi anayeruka. Mkono mmoja hukaa kiunoni kwa nyuma, wa pili huja chini ya paja pindi miguu inapoacha ardhi. Ule wa kiunoni hauondoki mpaka mtu awe amesimama imara. Tena wakubaliane mapema kuhusu hesabu: anaruka kwenye "tatu", au baada ya "tatu" kuna neno "ruka"? Jambo dogo hilo limeumiza watu niliowaona kwa macho yangu, kwa sababu mrukaji ameshaondoka na washikaji bado wanangoja. Rafiki anayeshika huku simu ya kurekodi iko mkononi mwa pili, huyo hajashika.

Mchanga nao una namna zake. Ule mkavu wa juu, karibu na minazi, unakula mruko wako. Unasukuma nao unazama. Ule mgumu ulioachwa na maji yakikupwa unakupa msukumo mzuri lakini ukianguka vibaya unauma kama sakafu. Mimi huchagua mchanga wenye unyevu wa katikati, halafu nachukua jembe na kulilainisha eneo la kutua, nikiondoa vijiti, chupa na makombe. Nyasi nzito za uwanjani ni nzuri pia, na godoro la zamani juu yake ni bora zaidi. Lile tairi lililofukiwa nusu, ambalo vijana hulipenda kwa sababu linarusha, ni la waliokwisha kuiva. Linakupa kimo, lakini pia linakusukuma upande usioutaka, na anayeanza hawezi kurekebisha.

Kwa wanaoona kwamba nashughulika mno na mahali pa kutua, namtaja Dick Fosbury. Mwaka 1968 kule Mexico City, Mmarekani huyo alishinda dhahabu ya Olimpiki ya kuruka juu kwa mita 2.24, akiuvuka ufito kwa kuupa mgongo. Dunia nzima ilishangaa. Lakini zamani warukaji walitua kwenye mchanga au maranda ya mbao, na aliyevuka kwa mgongo angevunjika. Magodoro mazito ya sponji yalipoanza kuwekwa upande wa pili wa ufito ndipo mtindo kama wake ulipowezekana. Leo warukaji wakubwa wa dunia wanaruka kwa mtindo huo. Pa kutua pasingebadilika, ujasiri peke yake usingemfikisha popote.

Sasa bahari. Ukishaweza kuruka kwenye mchanga bila kushikwa, na ukatua kwa miguu kila mara hata ukiwa na watu wanaokutazama, tunaweza kuzungumza habari za maji. Kwanza yajue maji yenyewe. Hapa Mombasa, wakati wa bamvua, siku za mwezi mwandamo na za mwezi mpevu, tofauti ya kujaa na kupwa hupita mita 3. Wakati wa maji mafu, yaani siku za katikati ya hizo, tofauti ni ndogo. Kila siku maji huchelewa kwa karibu dakika 50, kwa hiyo baada ya wiki moja saa zimegeuka: wakati ule ule uliokuta yamejaa, sasa utayakuta yamekupwa. Kijana anaruka Jumapili hii saa kumi mchana, anapata maji tele, anafurahi. Jumapili inayofuata anarudi saa kumi ile ile na wenzake aliowasifia. Kutoka juu bahari ni ya buluu vilevile, ila mwamba wa chini umekaribia.

Kwa hiyo pale ukingoni mwa bahari Mama Ngina, au chini ya Mji wa Kale, haruki mtu kabla hajashuka kwa miguu, akaingia majini, akapiga mbizi na kuigusa chini kwa mikono yake siku hiyo hiyo. Wavuvi watakueleza saa za maji bila kukosea, na Mamlaka ya Bandari hutoa jedwali lake. Kwenye mabwawa ya mashindano, chini ya jukwaa la mita 10 hupendekezwa kina cha mita 5 hivi, na hayo ni maji yaliyotulia, sakafu yake tambarare. Nyakati za kusi, mawimbi yanapopiga mwamba na kurudi, kina hubadilika ukiwa bado unatazama. Siku kama hizo mimi siruki wala simruhusu mtu kuruka.

Kuna tofauti nyingine ambayo wapiga mbizi wa mashindano, wanaoruka majini kutoka kwenye ubao au jukwaa, huitilia mkazo, na vijana wetu huichanganya. Katika kundi la pili la miruko yao, mrukaji huyapa maji mgongo na kuzunguka nyuma, kichwa kikienda mbali na ubao. Mruko wao wa 202C ni samasoti yetu kabisa: 2 ya kwanza ni kundi la nyuma, 2 ya mwisho ni nusu mbili za mzunguko, yaani mzunguko mmoja kamili, na C ni kujikunja. Kundi la tatu ni jambo jingine. Huko unasimama ukiyatazama maji, unaruka mbele, lakini mwili unazunguka nyuma, kichwa kikirudi kuelekea ulikotoka. Mwaka 1988 kwenye Olimpiki ya Seoul, Greg Louganis, mpiga mbizi bora wa zama zake, alikigonga kichwa chake kwenye ubao akifanya mruko wa kundi hilo. Alishonwa, akarudi, akashinda dhahabu. Ule ulikuwa ubao wenye kunesa, na madaktari walikuwa hatua chache kutoka hapo. Wadogo zangu, huku kwetu ukingo ni mwamba wa matumbawe wenye meno. Mruko wa kuyatazama maji na kuzunguka nyuma usifanywe kutoka kwenye mwamba, hata na aliyebobea.

Uchovu nao usidharauliwe. Elena Mukhina wa Umoja wa Kisovyeti alikuwa bingwa wa dunia wa jimnastiki mwaka 1978. Mwaka 1980, wiki chache kabla ya Olimpiki ya Moscow, alikuwa ametoka kuvunjika mguu na bado anafanyishwa mazoezi ya mruko mgumu wa kuzunguka nyuma. Alitua kwa kidevu, shingo ikavunjika, na hakutembea tena hadi alipofariki mwaka 2006. Kwa sababu yake, mwanafunzi akiniambia anasikia maumivu nimeamini, sihitaji ushahidi. Mwezi wa Ramadhani sirushi mtu kabla ya futari. Jioni hiyo mwili hauna maji, na macho hayana kasi.

Mtu akiumia na akasema shingo inamuuma, au kwamba hasikii mikono au miguu, msimwinue, msimkalishe, msimgeuze kichwa. Akiwa majini, mfanyeni aelee uso ukiwa juu, kichwa na kiwiliwili vikiwa mstari mmoja, mumsubirishe hivyo mpaka wenye ubao wa kumlaza wafike, maadamu anapumua na mawimbi yanaruhusu. Msimpakie kwenye tuktuk. Najua ndicho kitu cha kwanza kinachotujia, kwa sababu tunapenda kusaidia na tuktuk iko pale barabarani, lakini kumkunja kwenye kiti kile kunaweza kuumaliza uti wa mgongo ambao ulikuwa bado haujakatika. Pigeni 999 au 112, au Msalaba Mwekundu kwa 1199.

Mzazi, najua neno sarakasi lilivyochafuka. Wabunge wakirushiana maneno na viti, magazeti huandika "sarakasi bungeni", na nyumbani mtoto msumbufu huambiwa "acha sarakasi zako". Linaniuma, maana sijaona kazi inayotaka utaratibu zaidi ya hii. Kijana anayeruka vizuri amelala mapema, amekula, anawaamini wawili waliomshika, na anaweza kungoja zamu yake. Mwanao akiwa na hamu hii, umepata nafasi ya kumfundisha mengi. Ukimkataza tu, atakwenda kuruka pale ambapo humwoni.

Mtafutie mwalimu. Wachezaji wa mahotelini wengi hufanya mazoezi ufuoni mchana, kabla ya maonyesho yao ya jioni, na ukiwaendea kwa heshima watakueleza nani anafundisha. Kaa utazame kipindi kizima kabla ya kumwacha mtoto. Angalia kama mwalimu amekagua mchanga, kama wa kushika ni watu wazima, kama anayeogopa anaruhusiwa kukaa chini bila kuchekwa. Mwalimu anayemrusha mtoto siku ya kwanza ili wewe ufurahi, mshukuru na uondoke naye mwanao.

Wasichana pia wanakuja, na baadhi yao ndio wenye mruko safi kuliko wote. Wavae suruali ndefu isiyo pana sana, na mtandio wa michezo unaovaliwa kwa kuvutwa kichwani, usiohitaji pini, maana ukijikunja kidevu huja karibu na kifua na pini huchoma. Saa, pete, hereni na funguo vyote vibaki kwa mzazi.