Nani kachora kwenye mti wa jirani?

SWALI: Habari za kazi wapendwa. Mimi nipo Sydney Australia, nyuma ya nyumba tuliyopanga kuna mikaratusi yenye gome jeupe laini alafu imejaa michoro ya zigizaga utadhani mtoto kapewa kalamu, mwanzoni nikajua ni vijana wanachonga na kisu lakini michoro ipo mpaka juu ambako mtu hafiki. Baba Rayan anasema mti unaumwa utakuja kutuangukia. Ni kweli?
Mama Rayan, Sydney

JIBU: Mama Rayan, mwambie baba Rayan alale salama, mti uko fiti. Hiyo kazi ni ya kiwavi wa nondo mmoja mdogo mno, kisayansi anaitwa Ogmograptis, na kwa hapo Sydney mti wenyewe huenda ni Eucalyptus haemastoma, mkienda Canberra mtaikuta michoro kama hiyo kwenye Eucalyptus rossii.

Iko hivi, nondo anataga kwenye gome kabla baridi haijaingia, kiwavi akitoka kwenye yai anazama ndani ila hafiki kwenye mbao, anabaki palepale ambapo gome la nje litakuja kuachana na la ndani. Mwanzo anazurura tu ovyo, baadae zigizaga inakaa kwa mpangilio, alafu anakata kona kali na kurudi sambamba na njia yake, ndo maana ukisogea karibu unaona mistari inaenda miwili miwili. Sasa hapa ndo patamu. Mti ukianza kujiandaa kuvua gome unaziba ile njia kwa kovu, seli laini zenye lishe kibao, na kiwavi naye anajivua ngozi, anapata miguu (kabla ya hapo hakuwa nayo!), anageuka na kuanza kula lile kovu kurudi alikotoka. Yaani mti unajitibu yeye anakula dawa. Ananenepa fasta, anatoka, anashuka kwenye shina kufuma kifukofuko chake, na muda si mrefu gome la juu linabanduka ndo mnaona michoro, mchoraji mwenyewe kashaondoka zamani. Kwahiyo hata mkipulizia dawa mnapoteza hela bure.

Watu waliamini muda mrefu kuwa ni nondo wa aina chache tu, mtaalamu wa nondo Edward Meyrick alimpa mmoja wao jina la Ogmograptis scribula mwaka 1935, mpaka 2012 ndo watafiti wakiwemo wa CSIRO (shirika la taifa la utafiti wa sayansi la Australia) Canberra wakatangaza aina 11 mpya, jumla 14. Mmoja wao, Max Day, umri ulikuwa umeshapita miaka 90 na bado anahangaika na viwavi, mimi hapo nilivua kofia. Na michoro inatofautiana, aina hii ya nondo ina zigizaga yake na ile ina yake.

Rayan akitaka kuambua gome aone mdudu mkatazeni, apige picha inatosha.

SWALI: Na mimi mikaratusi yangu nikibandua gome nakuta njia za wadudu, ndo hao hao?
Mkulima, Njombe

JIBU: Hapana ndugu yangu, wewe usicheke na hiyo. Viwavi wa nondo wale hawafiki kwenye mbao. Kama njia ziko juu ya mbao kabisa, zinaanza nyembamba zinapanuka na zimeshindiliwa unga unga, shuku buu la mende mwenye papasi ndefu, Phoracantha, naye katokea Australia na Afrika alishafika. Huyo anapenda mti uliochoka na ukame na magogo mabichi, kwahiyo ukikata miti usiache magogo na magome yake yamelala shambani, menya au ondoa mapema, na ile iliyoshambuliwa sana iondoe kabla mende hawajatoka. Alafu muite afisa misitu aje aangalie mwenyewe, ukiweza muwekee kipande cha gome na buu lenyewe kwenye kopo.