Filamu ya Mke na Mume: Mwenye Kazi ni Nani?

SWALI: Mhariri, mimi na mume wangu tunaishi Migosi, Kisumu. Nimeandika mswada kuhusu mwalimu aliyefutwa kazi akamficha mkewe habari hiyo kwa miezi mitatu. Mume wangu ataongoza, nami nitaigiza kama mke. Tuna akiba ya shilingi 180,000, nyumba yetu ndiyo mandhari, na kamera tutaazima kwa binamu yake. Je, fedha hizo zinatosha, na filamu ikikamilika itakuwa yake au yangu?
Msomaji, Kisumu

JIBU: Dada, nianze na swali la pili, kwa kuwa wengi huliuliza wakiwa wamekwisha kuchelewa. Kwa mujibu wa Sheria ya Hakimiliki ya 2001, mtunzi wa filamu, ambaye ndiye mwenye haki zake kwa kuanzia, ni yule aliyefanya mipango ya kuitengeneza, wala si lazima awe aliyeshika kamera au aliyeonekana mbele yake. Sasa nyumbani kwenu mipango ni ya nani, ikiwa wewe ndiwe uliyetafuta waigizaji, yeye akaazima kamera, na akiba mliweka pamoja? Cheti cha ndoa hakilijibu swali hilo. Mswada nao ni kazi ya peke yake, na ni wako tangu ulipouandika; ukitaka kumpa mtu haki zake, uhamisho huo hauna nguvu mpaka uandikwe na kutiwa sahihi.

Andikeni basi ukurasa mmoja, kabla ya siku ya kwanza ya kupiga picha, unaoeleza mswada ni wa nani, kila mmoja anamiliki sehemu gani ya filamu, nani atatia sahihi mnunuzi akija, na itakuwaje mkiachana. Kipengele hicho cha mwisho kinaudhi, najua. Hata hivyo hakimiliki ya filamu hudumu miaka 50, na Mahakama ya Juu ilikwisha kuamua mwaka 2023 kwamba mali ya ndoa haigawanywi nusu kwa nusu hivi hivi, bali kila mmoja huthibitisha mchango wake.

Fedha zinatosha, mradi mzitumie kwa sikio kabla ya jicho. Mtazamaji huvumilia picha yenye giza kidogo, lakini mazungumzo yasiyosikika humfanya aondoke. Nanyi mko Kisumu, ambako mvua ya alasiri hupiga mabati mpaka watu wa chumba kimoja wakapigiana kelele, kwarara hupita wakilia jioni, na bodaboda haina saa ya kulala. Maonyesho ya ndani yenye maneno mengi yapigeni asubuhi. Msitegemee maikrofoni ya kamera. Kodisheni mbili za kubandika kifuani, na mlipeni mtu mmoja ambaye kazi yake yote ni kuvaa visikizi na kusikiliza. Tundikeni mablanketi ukutani nyuma ya kamera ili sauti isirudi. Zimeni friji, kisha funguo za gari au za nyumba ziwekeni ndani yake, maana hamtaweza kuondoka bila kuzifuata, na hapo mtakumbuka kuiwasha tena kabla samaki hawajaharibika. Kabla ya kutoka katika kila chumba, rekodini ukimya wake kwa dakika moja, watu wote wakiwa wamesimama tuli. Mhariri wa filamu atautumia kuziba mapengo kati ya sentensi.

Kinachobaki kigharamie chakula na nauli ya waigizaji.

Mliyowaza si mapya. John Cassavetes na mkewe Gena Rowlands, wa Marekani, waliweka nyumba yao rehani kugharamia filamu iliyotoka mwaka 1974, mume akiongoza na mke akiigiza. Wasambazaji walipoikataa, mume aliwafuata wenye kumbi mwenyewe, na baadaye wote wawili wakateuliwa kuwania tuzo za Oscar. Rehani msiiige.

Jambo moja hukuliuliza. Niliwahi kukaa katika upigaji picha mmoja huko Nakuru, ambapo mke alitakiwa kumwaga chai huku akilia, na mume akasema "rudia" mara ya saba. Mke aliweka kikombe chini akamuuliza kama ni mwongozaji anayesema, au ni yule waliyegombana naye asubuhi kuhusu karo. Kazi ilisimama mpaka saa nane. Tafuteni msaidizi wa mwongozaji asiye ndugu wa upande wowote, naye ndiye akuletee masahihisho.

SWALI: Filamu yetu ya kwanza tutaionyesha katika ukumbi wa kanisa, bila kiingilio. Je, bado tunahitaji idhini?
Mke na mume, Nakuru

JIBU: Ndiyo. Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura 222, hutazama kama umma umekaribishwa, haiulizi kama mlangoni pana sanduku la pesa. Pelekeni filamu iliyokamilika kwa Bodi ya Kuainisha Filamu, mpewe alama yake ya umri wa watazamaji, iwe GE (ya watu wote), PG (watoto waongozwe na mzazi), 16 au 18. Msichapishe mabango ya kuwaalika watoto wa shule ya Jumapili kabla ya alama hiyo kutoka.