Unalalamika ughaibuni? Msome Peter Lalor kwanza

Wadau mnaoishi ughaibuni, hasa wenzangu wa huku Victoria, Australia, meseji zenu nazipata sana, huyu nyumba imejaa fangasi na wakala hajibu simu, yule kazini anakatwa hela hajui za nini, na mwisho wote mnauliza sisi wageni nani atatusikiliza. Mi jibu langu siku zote namtaja Peter Lalor, yule mgeni aliyewaongoza wachimba dhahabu wa Ballarat, hapa hapa Victoria, mwaka 1854.

Lalor alizaliwa Ireland mwaka 1827, kwao siasa ilikuwa damuni kabisa, baba yake aliwahi kuwa mbunge kule London na kaka yake James Fintan alikuwa anapigania haki ya wakulima kwenye ardhi. Ile njaa kubwa ilipoimaliza Ireland vijana wakawa wanaondoka tu, naye 1852 akapanda meli na ndugu yake mwingine, akafanya kazi kwenye reli ya Melbourne na Geelong, alafu akaenda kwenye dhahabu, mwisho akatua Ballarat. Alikuja kutafuta maisha kama mimi na wewe.

Sasa Ballarat tatizo lilikuwa leseni ya kuchimba. Ilianza na shilingi 30 kwa mwezi, upate dhahabu usipate unalipa, polisi wanapita na misako, ukikutwa huna karatasi unabebwa, na kura huna. Oktoba 1854 mchimbaji mmoja, James Scobie, akauawa, mwenye hoteli aliyeshukiwa akaachiwa, watu wakapandwa na hasira hoteli ikachomwa moto.

Hapa ndo nataka mnielewe vizuri. Tarehe 11 Novemba wale watu walikaa wakaunda Ballarat Reform League, yaani umoja wa kudai mabadiliko, na wakaandika wanachotaka: leseni ifutwe, kila mwanaume apige kura, mgombea asiulizwe ana mali kiasi gani, wabunge walipwe ili hata maskini aweze kugombea. Kitu kimeandikwa, kinasomeka, mtu hawezi kukigeuza. Jengo nililokuwa napanga zamani tulikuwa tunatumiana voice note za hasira kwenye grupu usiku kucha na hamna kilichotokea, mpaka tulipokaa jikoni kwa jirani mmoja Mvietnamu tukaandika ukurasa mmoja, hita itengenezwe, ukungu utolewe, na tarehe ya mwisho, tukasaini wote wa kila taifa. Wakala aliyekuwa hapokei simu akapiga mwenyewe. Kwa hiyo ushauri wangu wa kwanza andika, na usiandike na Waswahili wenzako peke yao.

Ballarat nao walikuwa mchanganyiko, Waingereza, Waitaliano, Wajerumani, Wamarekani. Serikali ilipokataa kulegeza wakachoma leseni zao, Lalor akapanda juu ya kisiki akachaguliwa kiongozi, wakaapa chini ya bendera ya Southern Cross, yale makundi ya nyota za kusini, wakajenga boma la magogo pale Eureka. Alfajiri ya Jumapili tarehe 3 Desemba askari wakavamia, ndani ya dakika chache wachimbaji wasiopungua 22 wamekufa, na Lalor mkono wa kushoto ukaumia vibaya mpaka ukakatwa. Hili halinifurahishi hata kidogo, roho za watu zile zinauma mpaka leo, na ndo maana nasema mapema, mkifikia kushika silaha mmeshapoteza.

Kilichowaokoa ni wananchi. Watu 13 walishtakiwa uhaini, wa kwanza kabisa alikuwa John Joseph, Mmarekani mweusi, baraza la wazee wa mahakama likamwachia na umati ukambeba kwenye kiti barabarani Melbourne. Wote 13 wakaachiwa. Leseni ikafutwa, ikaja karatasi ya pauni moja kwa mwaka iliyompa mchimbaji na haki ya kupiga kura, na Novemba 1855 Lalor, aliyekuwa anatafutwa na serikali mwaka mmoja nyuma, akaingia baraza la kutunga sheria pamoja na Humffray, yule kiongozi wa Reform League aliyekuwa anakataa vurugu tangu mwanzo. Mi namheshimu Humffray sana, watu hawamtaji. Kufika 1857 wanaume wote Victoria wakapata kura, na Lalor akaja kuwa Spika kuanzia 1880 mpaka 1887.

Lakini msikilize na upande wa pili. Akiwa bungeni Lalor aliunga mkono mwenye mali apewe kura zaidi, waliomchagua Ballarat wakakasirika, 1859 akaenda kugombea jimbo lingine. Na 1873 kampuni ya mgodi kule Clunes, ambayo yeye alikuwa mkurugenzi, ikajaribu kuleta vibarua Wachina kuvunja mgomo. Mtu wenu akishaingia ndani anakutana na watu wapya na maslahi mapya, kwa hiyo mnapomtuma mtu kwenye kamati ya wapangaji, ya shule, au kwenye council, abebe ile karatasi mliyosaini, na mpangeni kabisa siku ya kurudi kuwaeleza alipiga kura gani na kwa nini.