Uso mmoja, shoti tatu

SWALI: Sisi ni kikundi cha vijana hapa Mbale, tunajifunza filamu bubu kwa simu. Tulijaribu zoezi la Kuleshov, la kuunganisha uso wa mtu na kitu anachotazama: mwenzetu anatazama sahani ya matoke, kisha jeneza, kisha mtoto anayecheza. Tulirekodi uso wake mara tatu, kila kitu na hisia yake. Watazamaji wanasema anaigiza kupita kiasi. Tumekosea wapi?

JIBU: Kosa ni hizo mara tatu. Lev Kuleshov, mwongozaji filamu wa Urusi, alitumia shoti (kipande kimoja cha picha) ileile moja ya uso wa mwigizaji Ivan Mosjoukine, aliyoitoa kwenye filamu ya zamani. Njaa na huzuni aliziongeza mtazamaji mwenyewe. Baada ya mapinduzi ya 1917 mkanda wa picha ulikuwa adimu Urusi, hata wanafunzi wake wakawa wanaigiza jukwaani “filamu zisizo na mkanda”. Nyinyi mna simu, lakini rekodini kana kwamba mkanda unakwisha.

Uso mara moja tu, sekunde 20, mbele ya ukuta mtupu. Mwigizaji asijue atatazama nini. Akijua kuna jeneza, nyusi zitashuka zenyewe. Atazame kando kidogo ya lenzi, macho kwenye kimo cha meza. Hapa ndipo wengi huteleza: kwa kuwa uso ni mmoja, sahani, jeneza na mtoto navyo viwe kimo kimoja. Sahani ikiwa mkekani, macho yatapita juu ya matoke na hakuna atakayeunganisha. Kisha simu ikae pale alipokaa yeye, usawa wa macho yake, mrekodi vitu.

Fanyeni kazi kivulini. Jua la saa sita huweka weusi chini ya nyusi, na uso mtulivu unaonekana una hasira.

Mkiunganisha: uso sekunde 3, kitu 3, uso 5. Zimeni sauti yote, maana mlio wa bodaboda ukikatika ghafla unafichua pale shoti mbili zilipounganishwa. Kila toleo, la sahani, la jeneza na la mtoto, liwe na watazamaji wake. Aliyeona yote matatu ameshajua siri.

SWALI: Mbona kwenye filamu za miaka ya 1920 watu wanatembea mbio?

JIBU: Kamera nyingi zilizungushwa kwa mkono, mara nyingi picha 16 hadi 20 kwa sekunde, na kompyuta inazicheza 24 au 25. Weka kasi ya 0.75, umtazame mtu anayevuka barabara. Hatua zikiwa za kawaida, acha hapo. Filamu ya mwongozaji Dziga Vertov ya 1929 kuhusu mpiga picha na kamera yake usiiguse: humo kuharakisha na kupunguza mwendo ni sehemu ya kazi yenyewe.